Waikumbuka 2016? Basi Ikumbuke Yote



Na wewe umeweka yako, si ndio? Mwaka huu ulipoanza tu, mitandao ilijaa picha za 2016. Kila mtu alifufua simu yake ya zamani, au akateremka Facebook mpaka chini kabisa, akaibuka na picha iliyofifia. Kanzu imepigwa pasi mpaka imekauka, miwani ya jua ya shilingi mia mbili, na yale masikio ya mbwa ya Snapchat ambayo leo hakuna anayekubali kwamba aliwahi kuyatumia. Maneno ya chini yalikuwa yale yale: turudisheni 2016.

Mimi nilikuwa na miaka 18. Sisi ndio wale wa KCSE ya 2016, ile ambayo A zilikuwa 141 nchi nzima, na matokeo yakatoka hata kabla mwaka haujaisha. Lakini picha niliyoiweka mimi si ya shule. Ni ya Idi, Julai 2016, pale Lighthouse. Tuko watano chini ya mbuyu, bahari nyuma yetu, mihogo mkononi na pilipili imetuchafua vidole. Mmoja wetu amefumba macho. Chini yake nikaandika: "Siku hizo maisha yalikuwa rahisi."

Mioyo ikamiminika. Marafiki wakacheka. Halafu usiku ukaingia ujumbe kutoka kwa dada mmoja wa mtaani ambaye hatujaongea miaka mingi. "Asalaam aleikum kaka. Mama anauliza kama unayo nyingine ya siku hiyo. Yeye aliyobaki nayo ni ile ya kitambulisho tu."

Wa tatu kutoka kushoto ni kakake. Alichukuliwa 2017, jioni, na watu waliokuja na gari lisilo na alama yoyote. Hajarudi mpaka leo. Hakufikishwa kortini. Hakuna kituo kilichokubali kuwa kilimshika. Hakuna maiti, hakuna kaburi. Jina lake silitaji hapa kwa sababu mamake hajaniruhusu, na hofu yake si yangu kuiamulia.

Sasa fikiria. Mimi niliitafuta picha ile mwenyewe, nikaichagua kati ya nyingi, nikaiongeza mwangaza, nikaandika kwamba maisha yalikuwa rahisi. Na wallahi, wakati nikiandika hivyo, sikumfikiria. Nilimwona usoni na sikumfikiria. Hilo ndilo limenikalia moyoni, na ndilo limenifanya niandike haya.

Sikwambii uifute picha yako. Kukumbuka si dhambi, na raha tuliyoipata tuliipata kweli. Nakuuliza tu: twamisi nini hasa?

Si simu, manake simu zenyewe zilijaa upesi, ilikuwa ufute picha moja ndio upige nyingine. Si pesa, hatukuwa nazo. Mimi nikifikiri sana naona tunachokimisi ni watu. Ramadhani ile ya Juni 2016, sahani ya kaimati ikitoka kwetu kwenda kwa jirani hairudi tupu, inarudi na viazi vya karai au sambusa. Vijana wa daku walipita na madebe yao, wakikugongea mpaka uwashe taa. Ikiwa kuna arusi, akina mama walitumwa nyumba kwa nyumba kualika, na usipogongewa mlango ujue kuna kitu. Baada ya taraweh tulikaa barazani, mzee wa kahawa akipita na dele lake akigonganisha vikombe, na habari za mtaa mzima zikipitia hapo kabla hazijafika kwingine.

Leo daku ni kengele ya simu. Mwaliko wa arusi ni picha kwenye WhatsApp, watu mia tatu wamealikwa kwa kidole kimoja. Habari za mwezi kuandama, ambazo tulikuwa tukizisubiri redioni nyumba nzima kimya, sasa zinakuja na ubishi wake tayari, kila mtu na ujumbe aliotumiwa.

Na mji nao umegeuka. Tulipopiga picha ile, SGR ilikuwa bado inajengwa, ikazinduliwa 31 Mei 2017. Mwaka 2018 majumba ya mjini yakapakwa rangi nyeupe na buluu. Mwaka 2019 Lighthouse yenyewe ikajengwa upya, na Mashujaa Dei ikafanyiwa pale pale. Mwaka huo huo likatoka agizo la mizigo ya bandarini kupanda SGR, na vijana wa Mombasa wakaingia barabarani kwa sababu malori ndiyo yaliyokuwa yakilisha nyumba zao: dereva, makanika, mama wa chakula, mpaka yule wa kuosha matairi. Kwa hivyo hata ukitaka kuirudia picha yako ya 2016, pale ulipokuwa umesimama si pale tena.

Lakini tuwe wakweli pia. Sio kila kilichobadilika kimeharibika. Dada zetu walioko Saudia na Qatar, wanaofanya kazi za watu ili sisi tusome, siku hizi wanaiona nikaha ya mdogo wao moja kwa moja kwenye simu. Mama mjane anauza bajia zake kwa status na hasubiri mtu apite. Wasichana wanaongoza mikutano ambayo 2016 wangeambiwa wakae nyuma wapange viti. Mimi hayo siyarudishi kwa ajili ya madebe ya daku.

Na kuna jambo jingine. Mwaka huo huo wa 2016 tunaoulilia, mjomba wangu alikuwa akituambia barazani kwamba Mombasa ilikwisha zamani, kwamba Mombasa ya kweli ilikuwa ile ya miaka ya tisini, watu wakilala milango wazi. Sisi tulimsikiliza tukameza. Nilipokwenda kusoma nikagundua kwamba miaka hiyo hiyo ya tisini ndiyo yenye Agosti 1997, vita vya Likoni, watu wakauawa, wengine wakakimbia na magodoro kichwani kutafuta feri. Nilipomuuliza mjomba akanyamaza kidogo, akasema, "Hayo nayo yalikuwako." Yalikuwako! Aliyajua siku zote, ila kwenye hadithi yake hayakuwa na pa kukaa.

Sasa sisi ndio tumekuwa wajomba, na hata miaka thelathini hatujafika.

Haya, twende kwenye 2016 yenyewe, ile isiyokuwa kwenye picha.

Mwaka ulianza na msiba. Januari alifariki Salah Farah, mwalimu Mwislamu aliyepigwa risasi Desemba 2015 basi lao liliposhambuliwa kule Mandera. Washambuliaji walitaka abiria wajitenge, Waislamu upande wao na Wakristo upande wao. Waislamu walikataa. Waliwakinga wenzao. Wangapi kati yetu tuliweka picha yake mwaka huu?

Juni 2016, wakili Willie Kimani, mteja wake Josephat Mwenda na dereva wao Joseph Muiruri walitekwa wakitoka kortini, na miili yao ikapatikana mtoni. Mteja alikuwa amemshtaki polisi. Mawakili waliingia barabarani nchi nzima. Kesi ilikwenda miaka sita, na 2022 watu wanne, watatu kati yao polisi, wakapatikana na hatia. Miaka sita! Kuna watu walikaa na faili hiyo siku zote hizo ambazo sisi tulikuwa tukibadilisha picha ya wasifu.

Septemba 2016, Mahakama ya Rufaa iliamua kwamba wasichana Waislamu wana haki ya kuvaa hijabu shuleni, katika kesi iliyoanzia shule moja ya Isiolo. Kama ulikuwa msichana wa sekondari mwaka ule, hukumu hiyo ilikuhusu wewe na kitambaa chako. Januari 2019, majaji wengi wa Mahakama ya Juu wakaitengua, kwa sababu ya jinsi ombi lilivyowasilishwa mahakamani. Yaani swali lenyewe la hijabu halikumalizwa. Lingali linawasubiri wadogo zetu kwenye geti la shule.

Septemba hiyo hiyo, mradi wa umeme wa makaa ya mawe kule Lamu ulipewa leseni ya mazingira. Watu wa Lamu, wavuvi na wazee na vijana, waliikatalia. Juni 2019 Jopo la Kitaifa la Mazingira likaifuta leseni ile. Ukienda Lamu leo ukapiga picha nzuri ya bahari, jua kwamba kuna watu waliipigania ibaki hivyo.

Oktoba 2016, Wamakonde walitembea kutoka Kwale mpaka Nairobi kwenda kudai vitambulisho. Wazee wao waliletwa kutoka Msumbiji kufanya kazi kwenye mashamba ya mkonge, watoto na wajukuu wakazaliwa hapa, na bado walikuwa watu bila nchi. Bila kitambulisho huwezi kusajili laini ya simu kwa jina lako, huwezi kufungua akaunti, huwezi hata kuingia jumba la serikali. Walitembea, na wakatambuliwa. Mwaka 2023 ikawa zamu ya Wapemba, ndugu zetu wavuvi wa Kilifi na Kwale. Je, unadhani Wapemba wangesikilizwa kama wale wa kwanza hawangetembea?

Na Desemba 2016, sisi tukisubiri matokeo, shirika la HAKI Africa lilitoa ripoti iliyoorodhesha visa 81 vya watu waliouawa au kupotezwa hapa Pwani kati ya 2012 na 2016. Rafiki yetu hayumo kwenye orodha hiyo. Wakati ripoti inatoka alikuwa bado yuko nasi, anakula mihogo.

Hii ndiyo 2016. Si nyingine. Ni mwaka ule ule wa masikio ya mbwa na kaimati.

Sasa nikwambie sehemu ambayo ni ngumu kwangu kuiandika.

Nimelisifu baraza hapo juu, na nitalisifu tena. Baraza lilikuwa na faida moja ambayo hakuna kikundi cha WhatsApp kimeiweza: mtu akikosekana, anajulikana. Ikifika Ishaa hayuko, mtu atauliza, "Fulani yuko wapi leo?" Mdogo atatumwa aende kwao akaangalie. Leo kikundi chetu cha shule kina watu zaidi ya themanini, na mtu anaweza kupotea siku nne ukadhani ameishiwa data.

Lakini rafiki yetu alipochukuliwa, baraza letu lilifanya nini? Siku ya kwanza tuliuliza. Siku ya pili tukaulizana kwa sauti ya chini. Baada ya wiki, watu wakaanza kusema, "Huenda kulikuwa na jambo, huwezi kujua." Baada ya mwezi tukahama. Hatukusema tumehama. Tulianza tu kukaa upande wa pili wa barabara, mbali na mlango wao, na kila mtu alikuwa na sababu yake: kule kuna upepo, kule kuna taa. Mamake alikuwa akitoka asubuhi kwenda kuzunguka vituo peke yake, anarudi jioni, anatukuta tumekaa kule. Tunamwamkia, "Shikamoo mama." Anaitikia. Tunaendelea na kahawa.

Kwa hivyo ukinisikia nasema turudishe baraza, sisemi turudishe lile lililonyamaza.

Juni 2024 vijana waliingia mitaani nchi nzima, na baadaye wakaanza kutekwa. Kenya yote ikashtuka. Watu waliweka majina, picha, mahali mtu alipoonekana mwisho, nambari ya gari. Walipiga kelele mpaka baadhi wakarudi. Mimi nilikuwa naangalia huku nafurahi na huku naona uchungu, kwa sababu kile nchi ilichojifunza 2024, akina mama wa Majengo, Kisauni na Garissa walikuwa wakikijua zaidi ya miaka kumi. Wao walipolia, walijibiwa swali moja: mwanao alifanya nini? Na wakati mwingine lililouliza swali hilo lilikuwa baraza letu wenyewe.

Hapo ndipo naona kazi yetu ilipo. 2016 tulikuwa tunajuana, lakini tulikuwa tunaogopa kusema. Leo twaweza kusema, lakini hatujuani. Tukiviweka viwili hivi pamoja, kujuana kwa zamani na ujasiri wa sasa, hapo tutakuwa tumeirithi miaka hii kumi vizuri.

Vipi? Mambo machache tu, na hayahitaji mfadhili.

Kwanza, picha zako. Zitoe kwenye simu kabla haijafa. Ziandike: siku gani, wapi, ni akina nani kutoka kushoto kwenda kulia. Hukuona umuhimu wake kwa sababu wewe unawajua wote. Mtoto wako hatawajua. Na ikiwa kuna familia iliyopoteza mtu na wewe unayo picha yake, ipeleke. Usiwangojee waje kukuomba kama mimi nilivyoombwa.

Pili, hadithi za nyumbani. Keti na mamako, na mjomba, na nyanya. Wakikwambia zamani raha, sikiliza raha hiyo yote, halafu uulize: na nini kingine kilikuwako? Rekodi kwa simu yako, kwa ruhusa yao. Kama hawataki isambazwe, isisambazwe. Ibaki nyumbani.

Tatu, jua haki zako kabla hujazihitaji. Ibara ya 49 ya Katiba inasema mtu aliyekamatwa ana haki ya kuambiwa kwa nini amekamatwa, ya kuwasiliana na wakili, na ya kufikishwa kortini ndani ya saa 24, au kufikia mwisho wa siku ya korti inayofuata ikiwa muda huo umeangukia nje ya saa za korti. Ibara ya 51 inaruhusu kuomba mahakama iamuru mtu aliyezuiliwa aletwe mbele yake. Mtu wako akichukuliwa, nenda kituoni mara moja, mkiwa zaidi ya mmoja, na usitoke bila namba ya OB. Iandike. Waulize IPOA. Mtafute wakili siku hiyo hiyo. Mama yule alizunguka vituo miezi bila hata namba moja ya OB mkononi, kwa sababu hakuna aliyemwambia aidai. Sisi tuliokuwa tumesoma tulikuwa ng'ambo ya barabara.

Nne, na hii ndiyo ndogo kuliko zote. Uliza, "Fulani yuko wapi?" Uliza kwenye kikundi, uliza msikitini baada ya swala, uliza kwa kugonga mlango. Na jibu likiwa ni kimya, usihame baraza.

Picha nyingine ya siku ile niliipata. Ilikuwa kwenye memori kadi ya mmoja wetu, na nzuri zaidi, yuko peke yake anacheka. Niliisafisha studio nikampelekea mamake kwa mkono wangu. Alifungua mlango, akanikaribisha kama kwamba nilikuwa hapo jana. Aliitazama picha muda mrefu. Nilidhani atalia. Akasema tu, "Kumbe kanzu ya babake aliivaa yeye. Mimi nimeitafuta sana." Akaniuliza kama nimekula.

Yale maneno niliyoandika chini ya picha yangu nimeyabadilisha. Hayasemi tena kwamba maisha yalikuwa rahisi. Yanasema: Lighthouse, Idi, Julai 2016. Tulikuwa watano. Mmoja wetu alichukuliwa 2017 na bado tunamuuliza.

Na wewe, rudi kwenye yako. Iangalie tena, polepole, uso kwa uso. Halafu ukishaandika, mpigie simu yule ambaye hujui yuko wapi.

Allah awarudishe waliopotea, awape subira wanaowangojea, na atupe sisi ujasiri wa kuuliza. Amin.

Wabillahi tawfiq.